Labeka

Ukivuka daraja la Sabaki, ukaipa bahari kisogo,
ukatembea mpaka chumvi ikuishe mdomoni,
utaukuta Mvumoni, msitu usio na mvumo hata mmoja.
Nasema mti. Ule wa sauti upo.

Huja saa nane mchana,
jua limesimama kama mwia mlangoni.
Kwanza nyuki hunyamaza.
Kisha hutoka, sijui wapi, kitu ambacho si fisi
wala si upepo kwenye shingo ya chupa:
kilio kirefu kinachoanzia mwishoni,
kwikwi kwanza, halafu machozi, halafu habari.

Tulikwenda kuvuna asali, mimi na mdogo wangu Jumwa.
Yeye miaka tisa, mimi kumi na mitatu,
makumbi ya kutia moshi, kopo la Kimbo, kisu cha mama
ambacho hatukuwa tumekiomba.
Nyuki wakanyamaza.
Kikaja.
Na ndani yake, chini kabisa, kama jiwe ndani ya wali,
sauti ya mwanamke mzima, imekwaruzika:
Jumwaaa.

Jumwa akainuka, akajifuta mikono kwenye leso,
akaitika kama alivyofunzwa:
Labeka!
Kisha akaniuliza, Nani huyo?
Nikamjibu, Hakuna mtu.
Inama, kopo linamwagika.

Aliondoka Malindi kwa basi la usiku,
begi lake zipu mbovu, limefungwa kwa kamba ya katani,
akaenda kusugua vigae vya watu Dammam.
Kila Jumapili sauti yake ilikuwa kwenye simu, fupi fupi,
kama mtu anayesema huku akiangalia mlango.
Halafu Jumapili ikapita kavu. Na nyingine.
Akarudi pamoja na mizigo.
Karatasi ilisema moyo ulisimama.
Moyo wa miaka ishirini na minne, ukasimama tu, kama basi.
Mama aliuliza swali moja pale uwanjani:
Na ile zipu, waliishona?

Mimi hufundisha darasa la tano, Mambrui.
Jumatatu huandika ubaoni: -li-, -na-, -ta-,
na watoto huimba nyakati kama watu wanaohesabu mbuzi.
Wiki ile Tsuma aliandika daftarini:
Kesho nilikwenda kwa bibi.
Nikashika kalamu nyekundu.
Nikaiweka chini.
Nikampa tiki.

Matanga yalipoondoka nikavuka daraja.
Wachoma makaa walikuwa wamefika kabla yangu;
penye mbambakofi wa mzinga pana kisiki,
nikakaa juu yake kama mgeni asiyekaribishwa.
Nyuki hawakuwapo,
kwa hiyo sikujua kama wamenyamaza.

Sikukusudia kuita. Koo lilifunguka lenyewe,
kwikwi ikatangulia,
na jina likatoka limekwaruzika:
Jumwaaa.
Nikaitambua.
Miaka yote ile nilidhani ni jini, au mzee wa kale,
au msitu unajililia wenyewe.
Ilikuwa mimi, na kifua hiki, na mafua haya ya kilio.

Ikapenya kwenye mirihi, ikateremka bondeni, ikaenda,
mwaka jana, mwaka juzi, ikazidi kwenda,
haraka, kama mtoto aliyetumwa dukani
na duka linakaribia kufungwa.

Nikangoja. Nilijua anajifuta mikono.
Nilijua pia kuna msichana kando yake
mwenye haraka, anayeitazama asali.
Nilitaka kumpigia kelele: Wacha kopo!
Mshike. Mshike leso, mshike nywele, popote.
Lakini pumzi yote nilikuwa nimeimaliza kwenye jina.

Labeka!
Nyembamba, safi, ina utamu kidoleni.
Nani huyo?

Na ile nyingine, kavu, ya dada mkubwa,
ikanijibu kutoka ng'ambo ya kisiki:
Hakuna mtu.
Inama.